Ta, te, ti, to, tu

Ubao wetu tuliupaka weusi wa betri. Redio ya kikundi, ile ile iliyotumika mwaka 1973 kusikilizia vipindi vya Mtu ni Afya, ilikuwa imeacha betri kuukuu uvunguni mwa kitanda cha balozi wa nyumba kumi. Tukazipasua, tukatwanga makaa yake, tukachanganya na maji ya majani ya maboga, tukapaka mara tatu. Ulipokauka ukawa unang'aa kwa jua la saa kumi jioni, na waliokaa kushoto hawakuona kitu. Sikulijua hilo hadi wiki ya tatu. Wanafunzi wangu walikuwa watu wazima, na mtu mzima hamwambii kijana wa miaka kumi na saba kwamba haoni.

Ilikuwa mwishoni mwa 1974, upande wa Magu, katika kijiji kipya cha operesheni ya kuhamia vijijini. Mahame tulikuwa tumeyaacha miezi michache nyuma na nyumba nyingine hazijaezekwa. Mimi nilikuwa nimemaliza darasa la saba na sikuchaguliwa. Serikali haikusema tumefeli, ilisema hatukuchaguliwa, lakini kijijini hakuna aliyeijua tofauti hiyo. Nilikuwa nikipita nyuma ya nyumba za watu ili nisiulizwe shule ya sekondari inafunguliwa lini. Nilipoitwa kuwa mwalimu wa kujitolea wa kisomo, kwa shilingi 30 kwa mwezi, nilikubali kwa kukosa pa kujificha.

Kisomo chenyewe hakikuwa kitu kigeni kwetu. Mwalimu Nyerere alikuwa ameutangaza mwaka 1970 kuwa wa elimu ya watu wazima, na ng'ambo kule Ukerewe waliambiwa wawe wamemaliza kazi hiyo kabla 1971 haijaisha. Mikoa ya ziwa ilianza mapema zaidi, tangu 1968, kwa mradi wa UNESCO wa kisomo chenye manufaa: mkulima wa pamba anajifunza kusoma kwa kitabu cha pamba, mvuvi kwa kitabu cha uvuvi. Kilichokuwa kipya kwetu ni mtihani. Nchi nzima ingepimwa Agosti 1975.

Siku ya kwanza nilikabidhiwa daftari lenye majina. Juu yake katibu alikuwa ameandika kwa hati nzuri sana: Orodha ya Wajinga. Hakumtukana mtu. Redioni tulisikia kila siku habari za maadui watatu, ujinga, umaskini na maradhi, na kazi yenyewe iliitwa kufuta ujinga. Basi nami nikasimama chini ya mwembe, nikasoma kichwa hicho kwa sauti, kisha nikaanza kuita majina.

La nne lilikuwa la shangazi yangu. Hakuitika.

Huyu alikuwa dada mkubwa wa baba, mjane, mwenye ekari nne za pamba alizozilima bila mume kwa miaka kumi na moja. Mwaka aliozaliwa hakuujua, ila vita ya Hitler ilipoanza alikuwa binti wa kuchota maji. Madeni ya kitongoji kizima aliyaweka kichwani: nani alikopa debe la mtama kwa nani, katika masika ya mwaka gani, na kama alilirudisha limejaa au limepungua. Wazee walipogombana juu ya mahari walituma mtoto akamuulize.

"Baba," aliniambia, maana nimerithi jina la baba yake, "hapo umeita nani?"

Nikarudia jina lake.

"Kabla ya jina. Hilo neno la juu."

Nikanyamaza. Akasema kwa upole tu, kama anayemrekebisha mtoto salamu: "Mimi sijui kusoma. Hilo ni kweli, liandike. Hilo lingine lifute."

Nilikata mstari juu ya neno la katibu nikaandika "wasomaji", ingawa hapakuwa na aliyeweza kusoma. Ndipo akaitika, akaketi, akafungua kitambaa chake cha michembe, viazi vitamu vilivyokaushwa, akaanza kutafuna.

Somo ninalolikumbuka kuliko yote lilikuja miezi miwili baadaye, tulipofika silabi za t. Ta, te, ti, to, tu. Kwa kila silabi wanafunzi hutoa maneno na mimi naandika. Taa, teke, tikiti, toroli. Tulipofika "tu" nikaomba sentensi, nikidhani nitarahisisha. Mzee mmoja akasema, "Mimi ni mkulima tu." Wakacheka, nikaandika. Mama mwingine: "Sisi ni wanawake tu." Wa tatu: "Hiki ni kibanda tu." Ubao ukajaa. Nami, kwa kutaka kuonekana mmoja wao, nikaongeza: "Na mimi ni mwalimu wa kujitolea tu, sikuchaguliwa."

Shangazi akaomba chaki. Hakuwa amewahi kusimama mbele. Alikuja akazifuta zile "tu" kwa kidole, moja baada ya nyingine, za mwisho wa sentensi zote, yangu ikiwa ya mwisho. Kisha akauliza, kwa kutaka kujua hasa, si kwa kunifundisha: "Mbona tunasema tunalima, tunakula, tunasoma, hilo tu likiwa mbele ni sisi sote, na likikaa nyuma linatupunguza?"

Sikuwa na jibu la sarufi. Sina hadi leo, na nimefundisha Kiswahili zaidi ya miaka thelathini.

Msimu wa pamba ulifika. Mwaka uliotangulia shangazi alikuwa ameshindana na karani wa mizani, jina lake na la chama chake cha ushirika nayaacha. Alikuwa amebeba mzigo kichwani kutoka shambani na alijua uzito wake kwa shingo. Karani akataja kilo pungufu, akaongeza kwamba nusu yake ni pamba fifi, ya bei ya chini. Alipobisha akaulizwa, "Mama, wewe unajua kusoma mizani?" Watu wakacheka, na wengine wao walikuwa wadeni wake. Alichukua fedha akaondoka.

Julai 1975 nilikwenda naye. Pamba fifi alikuwa ameitenga mwenyewe nyumbani, katika gunia lake. Kabla mzigo haujatundikwa akanong'ona: "Thelathini na nne." Kisha akasogea karibu na mshale, mikono nyuma, akausoma polepole kwa sauti, makumi kwanza. Thelathini na nne. Karani akaandika thelathini na nne. Nilitegemea aseme neno, hata la kumkomoa. Alinigeukia akasema, "Kumbe na mizani imejifunza."

Mtihani ulikuja mwezi uliofuata, na shangazi aliishia hatua ya pili. Kwa hesabu ya taifa bado hakuwa miongoni mwa waliojua kusoma. Mwaka 1967 wasiojua walikuwa asilimia 67. Baada ya mtihani huo wakawa 39. Ni kazi kubwa, nami najivunia kuwa sehemu yake, ila kila nikiisoma ile 39 namwona shangazi ndani yake amekaa na michembe. Mimi ndiye niliyelia. Yeye aliuliza, "Hatua ziko ngapi?" Nne. "Basi nimefika nusu ya njia," akaenda kufungia mbuzi.

Baadaye nilichukuliwa katika mpango wa walimu wa UPE, yaani elimu ya msingi kwa wote, sisi tulioishia la saba tukasomeshwa ualimu huku tunafundisha. Watu walituita Ualimu Pasipo Elimu. Utani ulikuwa mzuri, nami niliucheka kwa sauti kuliko wengine. Kwa miaka mingi, nikiulizwa kazi, nilikuwa nikijibu, "Mwalimu wa UPE..." na neno linalofuata likinijia mdomoni nalimeza, kwa sababu naona kile kidole chenye vumbi la chaki.

Mwaka 2015 nilimpeleka shangazi kujiandikisha kupiga kura, kwa zile mashine za BVR. Alikuwa amekaribia miaka tisini, macho yamefifia, akili haijafifia. Picha ikapigwa, vidole vikapimwa. Ikabaki saini. Kijana wa mashine, mwenye adabu na mwenye foleni ndefu mbele yake, akatazama mikono ile inayotetemeka akasema, "Bibi asihangaike. Dole tu linatosha."

Shangazi alinitazama mimi, si yeye.

"Kalamu iko wapi?"

Akapewa ile kalamu isiyo na wino na kibao chake. Akauliza kama maandishi yanaonekana. Akaambiwa yanaonekana ndani. Akainama, akaanza jina lake, yote matatu, herufi moja moja, akiitamka kila silabi kabla ya kuiandika. Foleni nzima tukasubiri.