Yodeli ya Bern Ilivyoniumbua

Kama unadhani Uswisi ni saa, chokoleti na mabenki tu, umeachwa kwenye mataa. Wiki hii twende Bern.

Nilifikia kwa shangazi. Mji una ustaarabu wake! Njia za waenda kwa miguu zimeezekwa kilometa kama sita, mvua inyeshe itakavyo, wewe unadunda mkavu. Jumamosi binamu akanipeleka Gurten, kilima kinachopandwa kwa treni ya kuvutwa na waya. Kule juu mzee mmoja akaachia ukelele, mara mnene, mara mwembamba.

"Vipi huyu, kaumwa na nyuki?"

Binamu akacheka mpaka machozi. "Hiyo ndiyo yodeli, mshamba wewe!"

Ujanja wake uko kooni: sauti inatoka kifuani, inarukia ile nyembamba ya kichwani, inarudi, tena fasta. Wachungaji waliitumia kuitana mlima hadi mlima na kuita ng'ombe. Mwaka 1910 wakaunda chama cha taifa, yodeli ikawa na taratibu zake.

Sasa akatokea mwanamama wa hapohapo Bern, Christine Lauterburg, mwigizaji wa filamu aliyezaliwa 1956. Mwaka 1991 akatoa albamu "Echo der Zeit", yodeli ndani ya midundo ya tekno. Weee! Wenye mila yao wakanuna, eti kaichezea yodeli. Lakini mama mwenyewe si mbabaishaji. Ile ya kienyeji anaiweza, na fidla anapiga.

Binamu alipomtajia yule mzee jina hilo, mzee akakunja uso, kisha akatabasamu. "Ila sauti anayo," akasema. Akanigeukia. "Na kwenu mnaimbaje?"

Nikajitutumua na Bongo Fleva. Akatikisa kichwa. "Hiyo ya redioni. Imba ya bibi yako."

Jamani, nilikauka. Mimi Mgogo wa Magomeni. Bibi alikuwa anaimba sana kule Dodoma, nami likizo nikienda naongeza sauti ya redio ili nisimsikie. Amefariki, na nyimbo zake kaondoka nazo.

Mgogo mwenzangu, marehemu Hukwe Zawose aliyefariki 2003, alishachanganya uimbaji wetu na gitaa kwenye albamu ya "Assembly" ya 2002, na Mkanada Michael Brook. Kwa hiyo kuchanganya ruksa. Lauterburg alikuwa na cha kuchanganya, Zawose alikuwa nacho. Mimi nichanganye nini?

Niliporudi Dar sikukaa wiki, nikapanda basi la Dodoma. Mama mdogo anazikumbuka nyimbo mbili tu za bibi. Moja nimeishika, ya pili inanitoa jasho.

Na wewe, bibi yupo? Zima redio kidogo umsikilize. Tukutane wiki ijayo!