Makombo ya Mezani Kwetu

Huku kwetu Igowole, wilayani Mufindi, mbwa ana kazi. Hulinda kuku na mahindi, hubweka usiku wa ukungu, na malipo yake ni makombo. Mithali 12:10 inampima mwenye haki kwa jinsi anavyomjali mnyama wake. Kwa mbwa, kipimo hicho kipo kwenye makombo hayohayo.

Nyumbani tumejiwekea utaratibu. Mifupa ya kuku iliyopikwa hatumpi mbwa, kwa sababu ikivunjika hutoa ncha zinazochoma koo na utumbo. Magunzi tunayaanika, yawe kuni. Kokwa za parachichi na pichi hutupwa kwenye shimo lenye mfuniko, kwa kuwa mbwa akizimeza huweza kuziba koo au utumbo. Watoto hufagia uwanja na kuokota vizibo vya chupa. Mbwa hupewa ugali wenye mchuzi, mifupa ikiwa imeondolewa.

Wapo waliotucheka: tunamhangaikia mbwa wakati watu wana shida? Sisi tunaona kwamba mtoto anayezoea kumfikiria asiyeweza kusema, hatashindwa kumkumbuka bibi aliyelala mgonjwa chumbani.

Hata hivyo, huruma inahitaji busara. Siku moja mbwa wa jirani alisimama njiani, taya limelegea, ute ukimtiririka. Watu wakasema amekwamwa na mfupa, na kijana mmoja akakunja mkono wa shati ili autoe. Mzee mmoja wa kanisa akamzuia: "Mwanangu, usiguse. Kichaa cha mbwa nacho huanza hivyo." Mtaalamu wa mifugo akaitwa. Mbwa yule alikufa, lakini hakuna mtu aliyeumwa.

Tangu hapo tunafundishana hivi: mbwa akionekana kama amekwamwa, hasa asiyechanjwa, usiingize mkono kinywani, mwite mtaalamu. Akikuuma au mate yake yakiingia kwenye jeraha, osha kwa sabuni na maji yanayotiririka kwa dakika 15, kisha nenda hospitali siku hiyohiyo ukapate chanjo. Maombi tuyafanye tukiwa njiani kwenda huko, kwa maana dalili za ugonjwa huo zikishatokea, karibu hakuna anayepona.

Katika Mathayo 10:16 Bwana anataka upole wetu uende pamoja na busara. Basi, wapendwa, tuwachanje mbwa wetu kila mwaka, na jioni tuangalie kilichobaki sahanini kabla ya kukimwaga nje.