Rafiki wa Steringi

Chumba cha mbele cha nyumba ya Ami, Sparkbrook, Birmingham, kilikuwa na hita ya gesi iliyokuchoma magoti na kuuacha mgongo ukitetemeka. Hapo ndipo tulipokuwa tukitazama filamu za zamani Jumapili mchana, miaka ya themanini. Wiki nzima Ami alikuwa shifti ya usiku kiwandani Longbridge, kwenye magari, na Jumapili ndiyo siku pekee tuliyomwona amekaa kitako. Alichukua Radio Times, jarida la ratiba za televisheni, akazungushia kalamu filamu anazotaka, na hapo hana habari na steringi.

"Steringi hafi, kila mtu anajua," alikuwa akituambia. "Mtazameni huyo rafiki yake. Huyo ndiye mwenye kazi." Elimu hiyo aliipata viti vya mbele vya Majestic, Unguja, na hatukuwa na ubavu wa kumbishia.

Mtu wake alikuwa mwigizaji Earl Cameron. Hakuwa wa kwetu: alizaliwa Bermuda mwaka 1917, akawa baharia, akashuka London 1939 vita vimekwisha kuanza, akaosha vyombo mikahawani kabla ya kupata nafasi jukwaani. Lakini sinema zilimfanya Mkenya mara mbili. Katika Simba ya 1955 ni Daktari Karanja, msomi asiyeaminiwa na walowezi. Mwaka uliofuata, katika Safari, amegeuzwa Jeroge wa Mau Mau, anayesakwa porini na Victor Mature. Hiyo ya pili ilikuwa na fedha za Columbia na nyota wa Hollywood, ikapigwa Kenya kwenyewe, Hali ya Hatari haijaondolewa. Ami alicheka mpaka akakohoa: "Jeroge! Njoroge wa watu wamemng'oa meno!"

Kicheko hicho hakikumzuia kumtetea. Mimi leo nikizitazama filamu hizo tena naona alikuwa na haki. Karanja ameandikwa kwa mistari michache, lakini Cameron anasimama mlangoni mwa mzungu kama mtu aliyekwisha kujua jibu na bado anauliza kwa adabu. Dirk Bogarde, steringi wa Simba, ana filamu nzima na hapati hata dakika moja kama ile. Na hata Pool of London ya 1951, iliyomtambulisha kwa watu, ambamo baharia mweusi na msichana wa Kizungu wanapendana kwa woga, haikumfungulia mlango wa usteringi. Terence Young aliyeongoza Safari alimwita tena katika Thunderball, 1965, akamfanya Pinder, msaidizi wa James Bond kule Bahamas. Rafiki wa steringi, basi.

Wapo waliopata kidogo kuliko yeye. King Solomon's Mines ya MGM, 1950, ilipooneshwa, Ami aliongeza sauti kila wapagazi walipofungua mdomo, maana Kiswahili kilikuwa kinatoka kwenye televisheni ya Birmingham! Aliyecheza Khiva aliandikwa Kimursi tu, na kabila lake likabandikwa pembeni, kama lebo ya gunia. Deborah Kerr hakuandikiwa kabila.

Cameron aliondoka Uingereza 1979 kwenda Visiwa vya Solomon, kwa ajili ya dini yake ya Kibahai. Alirudi baadaye, na alifariki 2020 akiwa na miaka 102, pale Kenilworth, mwendo mfupi wa gari kutoka kwetu.

Ami aliwahi kumwona kwenye skrini kubwa tena, 2005, tulipompeleka sinema ya Star City kutazama The Interpreter. Cameron, miaka 87, ni Zuwanie, rais wa nchi ya kubuni ya Kiafrika, mkombozi aliyegeuka dhalimu. Ami alikataa kuinuka mpaka majina yote yapite, wafagiaji wakitusubiri na mifagio.

"Miaka yote hiyo wanamnyima usteringi," akasema, akitafuta kofia yake chini ya kiti, "leo wamempa nchi nzima. Halafu adui!"