Kamera Mkononi mwa Mwenye Shamba

Sisi tufundishao Kiswahili Old Town, mjini Lilongwe, tulikuwa na desturi ya kuwaambia wanafunzi wetu: "Andikeni habari za kwenu." Insha nyingi zilikuja na vita, njaa na safari za usiku. Nasi tulisahihisha ngeli, tukatoa alama, tukaridhika.

Kilichotuzindua ni filamu ya mwaka 2017 iitwayo Thank You for the Rain, yaani shukrani kwa mvua. Mwongozaji wake ni Julia Dahr wa Norwe. Lakini aliyeshika kamera nyumbani na shambani ni Kisilu Musya, mkulima wa Kitui, Kenya. Kwa miaka kadhaa aliipiga picha jamaa yake mwenyewe: ukame, mafuriko na dhoruba, na pia mazungumzo ya mume na mke, watoto, na kazi ya jembe. Mwaka 2015 mkulima huyo alifika Paris, kwenye mkutano wa dunia kuhusu tabianchi, kuwasemea wakulima wenziwe.

Tuliwaonyesha wanafunzi filamu hiyo. Miongoni mwao alikuwamo mama mmoja, mzaliwa wa Fizi, aliyekuwa akiuza vitenge sokoni, pamoja na mwanawe aliyezaliwa Dzaleka, kambi iliyofunguliwa mwaka 1994 wilayani Dowa, mahali palipokuwa gereza. Mama hakulia. Alipoona watu shambani alitabasamu, akaanza kutusimulia jinsi walivyovundika muhogo majini, wakauanika, wakautwanga. Mwanawe akauliza: "Mama, kuvundika ni nini?"

Tukanyamaza. Neno lilikuwa limebaki ng'ambo ya ziwa, nasi hatukuwahi kuliulizia.

Baadaye mama alitueleza kwamba zamani, huko kambini, mgeni mmoja mwenye kamera alimwomba avue kitenge kipya, avae kikuukuu, apate kufanana na mkimbizi. Tuliona haya, kwani nasi tulikuwa tumewaomba wanafunzi jambo lilo hilo kwa kalamu. Kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Wala, twaongeza, hujui usingizi wake mtamu.

Mwaka 2023 serikali iliamuru wakimbizi waishio mijini warudi Dzaleka. Darasa letu likapungua, na mama yule na mwanawe wakaondoka. Kabla hawajaenda tulimpa kijana zoezi moja: aandike kazi moja ya kwao, kama mama yake aifanyavyo, hatua kwa hatua.

Baada ya majuma mengi, abiria wa basi dogo alituletea karatasi iliyokunjwa mara nne. Ndani yake muhogo ulimenywa, ukavundikwa, ukaanikwa, ukatwangwa, ukawa unga. Hapakuwa na vita wala njaa. Tulisahihisha kosa moja la ngeli, kisha tukaibandika ukutani, mahali ambapo wanafunzi waliosalia wangeweza kuisoma.