Si Kila Kotimiri Hutiwa Mchuzini

Ndugu zangu wanajumuiya, hasa mliofika mwaka huu, naomba niwasimulie lililonikuta kijitoni.

Utafiti wangu ni wa uhandisi wa maji. Aprili moja nilikuwa Wales ya kusini, nimevaa gambuti, napima kasi ya maji pamoja na fundi wa maabara yetu, mzee aliyekulia shambani. Ukingoni kulikuwa na majani yamestawi kweli kweli. Nikachuma moja, nikalifikicha, nikanusa. Lo! Harufu kama seleri, umbo kama kotimiri. Mimi mtoto wa Tanga, nimekua nikitumwa sokoni kununua kotimiri, nikajiona mtaalamu. Dukani kifungu kidogo bei yake inaudhi, na hapa bure! Nikaanza kujaza mfuko, nikiwaza supu ya jioni. Nyumbani tulikuwa watu watano, sufuria moja.

Mzee akaniuliza ya nini. Nilipomwambia, hakucheka. Akanichukua hadi mahali mafuriko ya majira ya baridi yalipokuwa yamekula ukingo. Mizizi ilikuwa wazi: minene, myeupe, imeshikana kama vidole. Waingereza huiita vidole vya maiti. Akaniambia baba yake alipoteza ng'ombe waliokula mizizi hiyo baada ya mtaro kuzibuliwa. Nikamwaga mfuko palepale, nikanawa mikono mara mbili.

Mmea wenyewe kwa jina la kisayansi ni Oenanthe crocata. Wote una sumu, mizizi ndiyo zaidi. Sumu hiyo hushika ubongo, mtu akapata degedege, na anaweza kufa. Jioni nikasoma taarifa ya madaktari iliyochapishwa mwaka 2002: vijana 8 waliokuwa likizoni Argyll, Uskoti, walitia mizizi hiyo kwenye mchuzi, wakaugua.

Kilichoniuma ni hiki. Mimi nisiyeamini namba mpaka nipime mara tatu, niliamini pua yangu mara moja tu. Kumbe harufu ile haikunidanganya, ilinieleza ukoo tu. Ukoo wa karoti ni mkubwa: mna giligilani, bizari nyembamba, shamari na seleri. Lakini mna pia Conium maculatum, inayosemekana ndiyo iliyomuua Sokrates mwaka 399 KK. Hiyo nayo hupenda mahali penye unyevu. Shina lake ni laini, lina mabaka ya zambarau, na ukilifikicha linanuka kama panya. Ile ya kijitoni haina mabaka, shina lake lina mifereji. Zote mbili hutoa maua madogo meupe yaliyopangika kama mwavuli, na ndivyo walivyo wengi wa ukoo huo, wema kwa wabaya. Tena Aprili maua hayajatoka, unabaki na majani tu.

Kwa hiyo, jamani, najua posho haitoshi na mboga za bure zinavutia. Lakini chochote cha ukoo huu kilichoota kando ya maji, kiacheni. Ujuzi wa soko la nyumbani haukuvuka bahari pamoja nasi. Waulizeni wenyeji, kuuliza si ujinga.

Usiku ule tulikula maharage. Wenzangu wakaniuliza mbona nawatazama hivyo wakila.