Maharage ya Nazi na Maneno Yake

Marehemu mama yangu hakuwa mshairi, lakini kila nipikapo maharage ya nazi hukuta maneno yote ninayoyatumia ni yake. Maharage hulala majini usiku kucha, kisha huchemshwa mpaka yalainike. Nazi hukunwa kwa mbuzi na kukamuliwa kwa kifumbu. Maji ya kwanza hutoa tui zito, ambalo yeye aliliita kasimile. Ya pili hutoa tui jepesi. Yanayobaki ni machicha. Tui jepesi hutangulia chunguni pamoja na kitunguu na nyanya. Kasimile huja mwisho, na hapo mkono hauachi kukoroga, tui lisije likakatika.

Wanangu hupenda niwakatie soseji humo, nami siwakatazi, kwani lugha yetu yenyewe imempokea mgeni huyo na kumpa irabu ya mwisho. Ninachokihofia ni kingine. Tui la pakiti halina la kwanza wala la pili, wala haliachi machicha. Alimiminaye hahitaji mbuzi wala kifumbu, na neno lililokosa kazi jikoni halikawii kuhama mdomoni. Kamusi italihifadhi neno kasimile, lakini kamusi haionji.

Kwa hiyo kila Jumapili mmoja hukuna, mwingine hukamua, na kila kitu hutajwa kwa jina lake. Juzi yule mdogo alionja mchuzi, akatafakari, akasema: "Mama, tia kasimile kidogo." Nikatia.