Nusu Yangu ya Mchezo

Zamu yangu ya kuandika imefika, na kusema ukweli nilikuwa nakwepa, juu wenzangu wameandika mambo makubwa: shule, ndoa, kazi, kesi za kwenda ng'ambo. Mimi nataka kuandika juu ya kode ya mchezo wa video. Msicheke bado.

Nianze na wasiocheza, ili tusiachane njiani. Kampuni ikitaka kutoa mchezo mpya, inaanza kuuza miezi mingi kabla. Unalipa leo, mchezo unaupata siku ukitoka. Sasa kwa nini mtu alipie kitu asichokiona? Ndiyo maana wanaweka zawadi: nguo za mchezaji, silaha, na mara nyingine mchezo mwingine mzima wa bure. Mwaka 2003, kule Marekani, waliolipia mapema The Wind Waker ya Nintendo walipewa diski yenye mchezo wa zamani, Ocarina of Time. Mwaka 2020, waliolipia mapema DOOM Eternal walipewa DOOM 64, mchezo wa 1997 uliotengenezwa upya. Mara nyingi zawadi ya namna hii inakuja kama kode: mstari wa herufi na namba. Unauandika kwenye duka la intaneti la mashine yako, na mchezo unakuwa wako.

Ile DOOM 64 ndiyo hadithi yangu. Ni mchezo wenye umri kunishinda.

Mimi na mtoto wa mama mkubwa tulifika kambi ya Kigeme mwaka 2012, tukitoka Masisi. Mimi nilikuwa na miaka 11, yeye 16. Anayejua Kigeme anajua ile milima miwili na nyumba zilivyobanana. Chini, barabarani, kulikuwa na chumba kimoja chenye televisheni na mashine ya kuchezea. Kucheza ilikuwa faranga, kuangalia ilikuwa bure kama mwenye chumba yuko na moyo mzuri siku hiyo. Sisi tulikuwa watu wa kuangalia. Tulijua kila kitu kwa macho. Kaka alikuwa ananieleza kosa la kila mchezaji, na mkononi hakuwa ameshika hata pedi.

Mwaka 2018 kesi ya familia yake ikaiva, wakaenda Iowa. Usiku wa mwisho hatukulala. Aliniambia maneno mengi ya bakubwa, soma, saidia Mama, usikunywe. Halafu akaongeza: "Mchezo wa kwanza nitanunua kule, nusu ni yako." Nilicheka. Nusu ya mchezo unaigawa namna gani?

Mwaka uliofuata mimi nikashuka Kigali kutafuta kazi. Nikapata Kimihurura, upande wa Rugando. Mnajua Kimihurura kuna ile ya mabalozi na mikahawa, barabara za mawe na maua kwenye ukuta, halafu ukishuka kidogo kuna ile yetu ya vyumba vya kupanga. Kazi yangu ilikuwa kwenye chumba cha michezo: mashine mbili, viti sita, vijana wanalipa kwa mechi. Mchana napokea pesa na kutuliza ugomvi wa mpira. Usiku nalala humo humo kama zamu. Ukifungua mlango usiku unaona kuba la Convention Centre linawaka rangi kule juu. Nilikuwa namtumia Mama picha zake kambini aone kama niko sawa.

Huko Iowa, kaka alikuwa amepata kazi kwenye kiwanda cha nyama. Mwaka 2019 akalipia DOOM Eternal mapema. Alikuwa ameweka dola 5 za kwanza dukani, akanitumia picha ya risiti kama mtu aliyenunua parseli. Mchezo ulikuwa utoke Novemba 2019, ukasogezwa mpaka tarehe 20 Machi 2020. Nikamwambia, kumbe hata wao wanaahirishiwa? Akasema, "Unaona, hapa pia tuko tunangojea."

Basi, Ijumaa tarehe 20 Machi ikafika, na ujumbe ukaingia kwenye simu yangu: picha ya karatasi yenye kode, na chini yake, "Ile kubwa ni yangu. Hii ndogo ni ya bure, walinipa juu nililipa mapema. Ni nusu yako. Nilikuambiaka."

Nilikaa chini, wandugu. Miaka miwili alikuwa anaikumbuka.

Bosi akanikubalia niiweke kwenye mashine moja. Nikaandika kode, herufi kwa herufi. Ikakataa. Nikarudia, nikidhani nimechanganya O na sifuri. Ikakataa tena. Ndipo kijana mmoja anayejua mambo hayo akanieleza: kode ya Marekani inataka akaunti ya Marekani. Akaunti ya bosi ilifunguliwa kama ya Afrika Kusini. Na akaunti ikishafunguliwa kwa nchi fulani, huwezi kuihamisha. Lazima ufungue nyingine.

Nikasema sawa, nifungue yangu. Kitu cha kwanza kinachoulizwa ni nchi unayoishi. Nikashuka na ile orodha. Rwanda haimo. Nikatafuta Kongo. Haimo. Nikarudi juu nikashuka tena polepole, kama vile tulivyokuwa tunasoma majina yaliyobandikwa ukutani kambini, ukidhani labda jicho limeruka mstari.

Yule kijana akacheka. "Weka Marekani, andika adresi ya kaka yako, mbona ni jambo la dakika mbili?" Na ni kweli, hapa mjini ni wengi wanaofanya hivyo na simhukumu mtu. Lakini mimi mkono ulikataa.

Nieleze kwa nini. Wakati huo kesi ya Mama ilikuwa inaendelea. Alishafanya mahojiano, tulikuwa tunangoja. Na tangu nikiwa mdogo Mama ametufundisha kitu kimoja: kwenye karatasi usiandike uongo, hata mdogo. Tarehe ya kuzaliwa, kijiji, nani alikufa na nani alipotea, maneno yawe yale yale leo na kesho. Aliona familia za watu zikikwama miaka juu ya tarehe mbili zisizofanana. Sasa mimi niandike kwenye intaneti kwamba naishi Des Moines? Nikampigia simu.

"Mama, ni mchezo tu."

"Ni muchezo gani?"

"Wa kupiga mashetani."

"Mashetani tena?" Akanyamaza kidogo. "Mutoto yangu, usiandike kama unaishi fasi haujafika. Siku utafika kweli, watakuuliza ile ya kwanza ilikuwa ya nani."

Najua leo kwamba duka la michezo na ofisi ya wakimbizi havijuani. Lakini ukiwa na miaka 19 na kesi ya mama yako iko mezani mwa mtu usiyemjua, hujaribu bahati. Tena siku tatu kabla, tarehe 17 Machi, IOM na UNHCR walikuwa wametangaza kusimamisha safari za wakimbizi juu ya korona. Kambini watu walikuwa wameshafunga mizigo. Kila kitu kilikuwa kinaning'inia.

Jumamosi usiku ikatangazwa Guma mu Rugo. Chumba kikafungwa. Bosi akaniambia nibaki nilinde mashine zake. Kwa hiyo picha ndiyo hii: mimi peke yangu, mashine mbili, na kode ambayo sitaki kuitumia kwa uongo. Nikamwandikia kaka kwamba zawadi imekataa, ampe mtu mwingine huko.

Akapiga simu saa hiyo hiyo. Alikuwa amekasirika kweli. "Nimpe mutu mwingine nusu yako?" Tukakaa kwenye simu tukitafuta njia, na njia tukaipata. Kila akaunti inaruhusiwa kuchagua mashine moja kuwa mashine yake ya nyumbani. Michezo ya akaunti hiyo inafunguka kwa mtu yeyote anayetumia mashine hiyo, hata mwenyewe akiwa hayupo. Na mwenyewe anaweza bado kucheza kwenye mashine nyingine, mradi aingie kwa jina lake na intaneti iwepo.

Basi kaka akaandika kode kwenye akaunti yake mwenyewe, na adresi yake ya kweli. Halafu akanisomea neno lake la siri kwa simu, pamoja na namba ya uhakika iliyoingia kwenye simu yake, nikaingia kwa jina lake Kimihurura. Mashine ya bosi ikawa mashine yake ya nyumbani. Ya kwake, iliyoko sebuleni kwake Iowa, ikawa ndiyo ya ugenini. Alipoona hivyo akacheka sana: "Basi mimi naishi Rugando!"

DOOM 64 haikula mega nyingi, ni mchezo mdogo. Ulifunguka usiku. Ni giza, milango, funguo za rangi, na mashetani. Nilikufa haraka. Kaka alikuwa kwenye simu ananieleza kosa langu, kama zamani.

Kuna sheria moja ilitusumbua. Jina moja haliwezi kuwa kwenye intaneti kwenye mashine mbili kwa wakati mmoja. Nikiingia kwa jina lake huku, yeye anatolewa kule. Akirudi kule, mimi natolewa. Mwanzoni tulitoana hivyo mara nyingi, yeye katikati ya vita, anapiga simu akinitukana kwa kucheka. Mwishoni nikajitengenezea jina langu dogo la humo humo kwenye mashine, lisilo na akaunti, lisiloulizwa nchi. Nikawa nachezea hapo, mchezo ukiwa wa kaka. Mama nilimweleza, akasema hiyo haina shida, ukialikwa umealikwa.

Halafu Aprili ikaingia. Mtakumbuka korona ilivyoingia kwenye viwanda vya nyama vya Iowa mwezi ule. Kaka alianza kukohoa. Akasema ni mafua. Siku ya pili sauti ilikuwa imebadilika. Siku ya tatu mama mkubwa akaandika kwamba amepelekwa hospitali, na yeye mwenyewe haruhusiwi kuingia. Halafu simu ya kaka ikazimika kabisa.

Siku tisa. Sikuwa na mtu wa kuongea naye, barabara ilikuwa tupu, kuba linawaka bila watu. Nilishindwa kucheza. Nilichofanya ni kitu cha kijinga: niliingia kwa jina lake, nikaacha mashine inawaka hivyo, jina lake juu ya televisheni. Umeme wa bosi, najua. Niliogopa kwamba nikitoka litakuwa halimo mahali popote.

Siku ya kumi, karibu usiku wa manane, saa za kwao ni jioni, maandishi yakatokea kwenye televisheni. Kwa maneno makavu yalisema umetolewa, akaunti hii imeingia kwenye mashine nyingine.

Nilisoma mara mbili. Halafu nikapiga kelele mpaka jirani akagonga ukuta. Maana mtu mmoja tu duniani mbali na mimi alikuwa na lile neno la siri. Kaka alikuwa amerudi nyumbani, simu yake imeharibika, hana nguvu ya kusimama, lakini ameshika pedi. Sijawahi kufukuzwa mahali nikafurahi namna ile.

Sasa mnaotaka kutumia kode hizi, nawaachia niliyojifunza. Moja, kabla ndugu hajakununulia, muulize kode ni ya nchi gani na akaunti yako ni ya nchi gani, juu zisipolingana pesa imelala. Mbili, angalia tarehe ya mwisho, kode nyingi za zawadi zinaisha. Tatu, usiweke picha ya kode kwenye grupu la WhatsApp kuomba msaada, mtu ataitumia kabla hujamaliza kuandika asante. Nne, neno la siri mpe mtu ambaye ungempa na ufunguo wa nyumba, si mwingine.

Na mambo ya orodha hayajaisha. Mwezi Mei 2024, mchezo wa Helldivers 2 ulipotaka wachezaji wa kompyuta wawe na akaunti ya PlayStation, ulitolewa sokoni kwenye nchi na maeneo zaidi ya 170 yasiyo na huduma hiyo. Wachezaji wa dunia nzima wakalalamika, na baada ya siku chache Sony ikaondoa sharti lile. Nilifurahi kuona watu wa nchi tajiri wakikasirika kwa ajili ya orodha. Sisi tulizoea.

Kesi ya Mama bado. Safari zilifunguliwa Juni 2020, zikaenda za wengine, na Januari 2025 mlango wa Marekani ukafungwa tena. Mama yuko Kigeme, karatasi zake ziko kwenye mfuko wa plastiki, kila neno ni la kweli. Mimi niko bado Kimihurura, siku hizi natengeneza mashine zilizoharibika. Ile ya zamani bosi aliniuzia kwa bei ya undugu. Kaka hajawahi kuhamisha nyumba yake. Mpaka leo, kwa hesabu ya ile mashine, anaishi kwangu Rugando, na akicheza huko Iowa ni mgeni.

Zamu inayofuata ni ya nani?